Mchekeshaji Aliyetoa Risiti: Uchambuzi wa Kisa Kimoja

Kuhusu kisa hiki

Jina la msanii, mji wake, kumbi alizofanyia kazi na watu waliomzunguka vimeondolewa, na mambo madogomadogo yamebadilishwa ili asitambulike. Kilichobaki ni mfuatano wa matukio, maamuzi na sababu zake. Kazi yangu ni kuwashauri wasanii ambao kazi zao hazikai kwenye fungu moja. Kwa kijana anayetaka kuchekesha watu jukwaani na papo hapo kuning'iniza kazi ukutani, sijaona kisa kinachofundisha kuliko hiki. Nitamwita msanii, basi.

Usuli

Alisomea uchapaji wa sanaa: kuchonga ubao, kupaka wino, kukandamiza karatasi, kuvuta nakala moja baada ya nyingine. Mkono wake ulikuwa mzuri tangu mwanzo. Uchekeshaji ulimjia pembeni, kwenye majukwaa huru ambako yeyote hujiandikisha mlangoni akapewa dakika tano. Mchana alibuni mabango na kupanga kurasa ili apate riziki, usiku akapanda jukwaani.

Alichokifanya huko hakikufanana na cha wenzake. Hakuwa na hadithi wala panchi, yaani ule mstari wa mwisho unaochekesha. Kuna usiku alipanda na ngazi, akaikunjua, akakagua kipago kimoja baada ya kingine kwa umakini wa fundi, akaikunja, akashuka. Usiku mwingine aliwapa watu mgongo, akawa anawachora waliokaa mbele kwa kumbukumbu tu huku akiwahoji maswali ya kiofisi. Mara nyingine watu walivunjika mbavu. Mara nyingi zaidi ukumbi ulibaki umejikunyata.

Kazi ya namna hii ina ukoo. Mwaka 1916, kwenye klabu ya sanaa ya Cabaret Voltaire mjini Zürich, Uswisi, washairi, wachoraji na waimbaji walibanana kwenye jukwaa moja dogo, na hakuna aliyejali nani ni nani. Miaka ya 1970 Marekani ilimpata mchekeshaji Andy Kaufman, aliyeweza kuwasomea watu riwaya neno kwa neno mpaka wakakasirika. Msanii wetu aliujua ukoo huu vizuri, na kwa miaka kadhaa aliutumia vibaya.

Miaka ya kukata rufaa

Kichekesho kikidorora, alisema ile haikuwa komedi bali sanaa ya utendaji, ambayo kazi yake ni kitendo chenyewe mbele ya watu, na kwamba hadhira haikuwa tayari. Akipeleka michoro galari, na mratibu akamwambia kwamba mistari imechorwa kwa pupa na karatasi imechaguliwa ovyo, alijibu kwamba mchoro ule ni mzaha, haukukusudiwa kuwa mzuri. Alikuwa na jibu kila mahali. Ndiyo maana hakuna mahali alipojifunza kitu.

Mchekeshaji mmoja mkongwe, ambaye alikuwa amemtazama mara kadhaa bila kusema neno, alimvuta pembeni baada ya onyesho. "Mdogo wangu," alimwambia, "una kesi kwenye mahakama mbili. Kila ukishindwa huku unakata rufaa kule. Sasa hukumu utaipokea lini?"

Msanii alichukia. Alinieleza kwamba kwa wiki kadhaa alikuwa akimjibu mkongwe yule kichwani, na katika majibu yote alimtaja Kaufman. Mfano huo ndio uliomgeuka. Kaufman alikuwa na mhusika wake, mgeni mwenye haya na lafudhi nzito, ambaye aliiga watu maarufu vibaya kiasi cha watu kumwonea huruma. Kisha mhusika huyohuyo aligeuka akamwiga mwimbaji Elvis Presley, sauti, kiuno na mdomo, kwa ustadi uliowaacha watu midomo wazi. Mwaka 1979, baada ya onyesho lake kwenye ukumbi maarufu wa Carnegie Hall, New York, aliwatoa watu nje akawapeleka kwa mabasi wakanywe maziwa na biskuti. Mabasi hayo yalikuwa yamekodiwa na yanasubiri. Kilichoonekana kama kuharibikiwa kilikuwa kimepimwa kwa dakika. Msanii wetu hakuwa na Elvis mfukoni wala basi mlangoni. Alikuwa na maelezo tu.

Kufikia hapo waandaaji wa vichekesho walikuwa wameacha kumpigia simu, na galari mbili zilizowahi kumpokea zilimchukulia kama mchekeshaji anayechorachora.

Kitabu cha risiti

Kazi iliyobadilisha mambo ilianzia kwenye meza ya uchapaji. Alichonga kichwa cha risiti kwenye ubao: nembo isiyo ya ofisi yoyote, mstari wa tarehe, mstari wa jina, na maneno "Imepokelewa kwa kicheko kimoja". Alichapa karatasi nyeupe na za buluu, akazipa namba na kuzifunga kuwa kitabu cha risiti 50, kila nyeupe na nakala yake ya buluu chini. Karatasi ya kaboni ilikuwa moja tu kwa kitabu kizima, naye aliihamisha kwa mkono kutoka ukurasa hadi ukurasa.

Jukwaani palikuwa na meza, taa ya mezani, kengele na mhuri. Msanii aliingia kama karani wa ofisi, amevaa suti ya kijivu inayompwaya, akaketi, akaanza kupanga vitu vyake bila kusema neno. Alivipanga, akavipangua, akavipanga tena. Mahali fulani gizani mtu mmoja alishindwa kujizuia. Karani akainua kichwa, akamwita kwa adabu zote za ofisini: "Ndugu mteja, karibu dirishani." Dirisha lenyewe halikuwapo. Mteja alipofika mezani aliulizwa jina la kwanza, saa aliyocheka, na aina ya kicheko kutoka kwenye orodha iliyochapwa: cha tumboni, cha puani, cha kumfuata jirani, cha kuigiza. Kisha aliulizwa sababu. Wengi walisema hawajui, na karani aliandika hivyo, akiuliza kama "sijui" yao ianze kwa herufi kubwa. Sahihi, mhuri, nyeupe kwa mteja, buluu inabaki.

Karani anapoandika ukumbi unakuwa kimya, na ukimya ule haukaliki. Mtu mwingine anaangua kicheko, naye anaitwa. Foleni inakua, na urefu wa foleni wenyewe unachekesha, kwa hiyo inazidi kukua. Kitabu kikiisha onyesho limeisha, na waliobaki kwenye foleni wanaombwa kwa upole warudi siku ya kazi. Hapo ndipo ninapoona akili ya kazi hii: karatasi inaamua urefu wa onyesho, na kicheko kinaamua mwendo wa kalamu.

Nimekifungua kimoja cha vitabu hivyo na kukipitia taratibu. Kwenye nakala za mwanzo mwandiko umenyooka, herufi zimekaa sawasawa juu ya mistari. Kuanzia katikati mwandiko unainama. Kaboni nayo imeanza kuchoka, na nakala za mwisho zimepauka, mahali pengine kuna mkwaruzo wa kalamu bila wino. Kwenye nakala moja sahihi ya mteja inaanzia kwenye mstari wake, inaruka juu, inatoka nje ya karatasi upande wa kulia. Alikuwa bado anacheka alipokuwa akisaini. Sidhani kama kuna mchoraji anayeweza kuuchora mstari ule kwa kukusudia.

Uamuzi wa kwanza: hakuna rufaa

Kabla ya kuipeleka kazi mbele ya watu alijiwekea sharti, na aliliandika. Kwenye ukumbi wa vichekesho kipimo ni kicheko, na asipokipata ameshindwa, mwisho. Kwenye meza ya uchapaji kipimo ni macho ya wachapaji wenzake, ambao watalishika karatasi na kuligeuza bila kuambiwa lolote kuhusu jukwaa.

Alirudi kwenye majukwaa madogo na kuipima kazi usiku baada ya usiku, akirekodi sauti peke yake. Sababu yake ni nzuri na ninaipendekeza kwa wengine: kwenye video mtu hujitazama uso, kwenye sauti anasikia kicheko kimeanzia wapi, kimedumu muda gani na nini kilikikata. Alichogundua ni kengele. Mwanzoni aliipiga kabla ya kuandika, na kila ilipolia watu walidhani jambo limekwisha wakatulia. Alipoihamishia baada ya mhuri, ukimya wa kuandika ulibaki wazi mpaka mwisho, na kengele ikawaruhusu watu kupumua.

Alijaribu pia kuweka kamera juu ya meza na kurusha mwandiko ukutani ili walio nyuma waone. Lilionekana wazo zuri, tena la kimchoraji. Liliua onyesho. Watu walisoma sababu ya mteja kabla karani hajaisoma kwa sauti yake kavu, na kicheko kikaja vipandevipande. Kamera iliondolewa. Wachapaji nao hawakumhurumia. Walimwambia kichwa cha risiti ni kizito mno, kinaufunika mwandiko. Aliuchonga ubao upya.

Usiku wa galari

Galari ya kwanza iliyomwalika ilimpangia usiku wa ufunguzi: ukumbi mweupe wenye dari ndefu, taa kali, watu wamesimama na glasi mkononi, wanaingia na kutoka. Alikaa mezani karibu saa nzima. Walimtazama kwa heshima, wakasoma maelezo ukutani, wakatikisa vichwa kukubali. Risiti chache mno zilitoka, nyingi kwa marafiki zake.

Zamani angesema kwamba usiku ule kazi ilikuwa sanaa tupu na haikuhitaji kicheko. Safari hii alisema imeshindwa, akatafuta sababu. Kicheko husafiri kati ya mtu na mtu. Kinataka watu waliokaa karibu, wanaoanza pamoja, gizani kidogo ili mtu asihisi kwamba anatazamwa, na mlango uliofungwa. Aliyesimama kwenye mwanga akiwa ameshasoma kwamba kazi hii "inahoji urasimu wa hisia" hawezi kushtukizwa na chochote.

Tangu hapo aliweka masharti kwa kila galari: viti kwenye safu zilizobanana, taa ya mezani peke yake, muda mmoja wa kuanza, mlango ufungwe, na maelezo ya ukutani yawekwe baada ya onyesho. Baadhi ya galari zilikataa kwa sababu viti viliharibu mwonekano wa maonyesho. Hakwenda. Nilimuunga mkono wakati ule na ninamuunga mkono leo, ingawa hilo lilimgharimu mwaliko mmoja mkubwa.

Klipu ya sekunde 40

Ukumbi mmoja wa vichekesho ulirekodi onyesho bila makubaliano ya maandishi na kurusha mtandaoni kipande cha sekunde 40: mama mmoja anacheka mpaka machozi, mhuri unagonga, kengele inalia. Kipande kilisambaa sana. Ndani ya muda mfupi viti vilijaa kila usiku.

Na kazi ikavunjika. Watu walikuja wakiwa wameamua kucheka ili wapate risiti. Foleni ilijaa kabla karani hajamaliza kupanga meza. Ukimya uliokuwa injini ya onyesho ulitoweka, na karibu kila mteja alistahili kuandikiwa "cha kuigiza". Kwa karibu mwaka mzima msanii aliendelea hivyo. Tiketi ziliisha, waandaaji walifurahi, naye alikuwa akipata kipato cha maana kwa mara ya kwanza. Rekodi zake za sauti za kipindi hicho zinasikitisha: kelele kuanzia mwanzo hadi mwisho, hakuna kupanda wala kushuka.

Suluhisho lilipatikana alipogeuza sheria. Risiti zikawa za *kutocheka*. Karani alitangaza kwamba ofisi imebadilisha utaratibu, kwamba atakayeweza kukaa kimya atahudumiwa, na atakayecheka ataondolewa kwenye foleni. Mtu akijizuia kucheka mbele ya karani anayemuuliza tahajia ya jina lake, kicheko kinajirundika kifuani, na kikitoka hakina uigizaji wowote. Wale waliokuja kwa ajili ya klipu walijikuta wakipigana na miili yao wenyewe. Orodha ya aina za vicheko ikabadilishwa kuwa orodha ya njia za kujizuia: kuuma midomo, kutazama sakafu, kufikiria deni. Nakala za buluu za kipindi hiki ni nzuri kuliko zote, kwa sababu unaona kalamu za wateja zikitetemeka.

Ofa ya tangazo

Kampuni moja ilimtaka karani kwa ajili ya tangazo. Msanii alikuwa tayari, nami nilimsomea mkataba. Shida ilikuwa kwenye kifungu kimoja: mhusika, suti, mhuri, maneno yake na "kila kitakachotokana navyo" vingekuwa mali ya kampuni kwa matumizi yote na kwa muda wote. Maana yake ni kwamba siku ya pili asingeweza kupanda jukwaani kama karani bila kibali, na vitabu alivyokwisha kutengeneza vingeingia kwenye ubishi.

Alipendekeza leseni badala ya kuuza: tangazo moja, kipindi maalum, vyombo vilivyotajwa, na haki nyingine zote zibaki kwake. Kampuni ilikataa na kuondoka. Pesa zile zingemaliza madeni ya nyumba yake, na hakuna anayepaswa kulisimulia jambo hili kana kwamba lilikuwa rahisi. Familia yake haikulielewa, na walikuwa na haki ya kutolielewa.

Vitabu kwenye boksi

Wakati huu wote vitabu vilivyojaa vilikuwa kwenye maboksi ya karatasi, chini ya dirisha lenye unyevu. Kadhaa vilikuwa vimeshaota madoa. Vitatu alikuwa amevichana na kuuza nakala mojamoja kwa waliozipenda.

Aliyeviona ni mratibu wa maonyesho aliyekwenda kwake kwa jambo jingine. Alimweleza habari za Yves Klein, msanii wa Ufaransa ambaye kati ya 1959 na 1962 aliuza nafasi tupu kwa dhahabu na kumpa kila mnunuzi risiti. Mnunuzi aliyetaka kazi iwe yake kabisa alitakiwa kuichoma risiti, na Klein alitupa nusu ya dhahabu kwenye mto Seine mbele ya mashahidi. Risiti moja iliyonusurika moto iliuzwa mnadani Paris mwaka 2022 kwa zaidi ya yuro milioni moja. Alimweleza pia habari za Tehching Hsieh, mzaliwa wa Taiwani, ambaye kuanzia Aprili 1980 hadi Aprili 1981 mjini New York alipiga kadi kwenye saa ya kazi, ile mashine ya kusajili muda wa wafanyakazi, kila saa, usiku na mchana. Kati ya mara 8,760 alikosa 133, na makosa hayo nayo yameorodheshwa kama sehemu ya kazi, pamoja na kadi zilizosainiwa na shahidi.

Msanii hakuvutiwa na bei ya mnada. Kilichomshika ni kwamba Hsieh alipanga kumbukumbu yake kabla ya kupiga kadi ya kwanza: shahidi, sahihi, utaratibu wa kuhesabu makosa. Yeye alikuwa na kitu cha namna hiyohiyo, kilichozaliwa ndani ya onyesho lenyewe, na alikuwa akikichana.

Aliamua mambo matatu. Kila kitabu ni kazi moja, hakigawanywi. Vitabu vihifadhiwe kwenye masanduku yasiyo na asidi, mbali na mwanga, kwa sababu wino na kaboni havina uhakika. Na onyesho lenyewe liandikiwe maelekezo ili mtu mwingine aweze kulifanya. Kwa hili la tatu mfano ulikuwa karibu: ile ndizi ambayo msanii wa Italia Maurizio Cattelan aliibandika ukutani kwa utepe mwaka 2019 huoza na kubadilishwa, na anachonunua mtu ni hati na maelekezo. Toleo mojawapo liliuzwa mnadani New York mwaka 2024 kwa dola milioni 6.2. Dunia ya sanaa imeshazoea kununua maelekezo. Kinachotakiwa ni yawe yameandikwa vizuri.

Jambo la nne lilikuja kwa uchungu. Kwenye maonyesho ya kwanza ya vitabu, galari ilifungua ukurasa ambao mteja alikuwa ameandika jina lake kamili, na kwenye mstari wa sababu: "Nimeachika leo." Ndugu wa mteja huyo aliuona. Malalamiko yalikuwa ya haki kabisa. Watu waliposaini walidhani wamo kwenye mchezo wa usiku mmoja, hakuna aliyewaambia kwamba ukurasa wao utalala chini ya kioo. Kitabu kilifungwa siku hiyohiyo, msanii akaandika barua ya kuomba radhi, na tangu hapo risiti ina mstari mdogo wa ridhaa wenye visanduku viwili, ndiyo au hapana. Vitabu vya zamani huonyeshwa vimefungwa, au kwenye kurasa zisizomtambulisha mtu.

Matokeo

Jumba moja la makumbusho lilinunua vitabu kadhaa pamoja na hati ya maelekezo. Msanii bado hufanya onyesho kwenye kumbi ndogo za vichekesho, kwa vipindi, na hufundisha uchapaji. Hajatajirika. Ameacha kazi ya kubuni mabango, na kwa msanii wa aina yake hilo ni badiliko kubwa. Wachekeshaji wanamhesabu kama mwenzao, na wachapaji vilevile.

Uchambuzi

Kilichofanya kazi kuliko vyote ni lile sharti la kutokata rufaa. Watu husifu wazo la risiti, nalo ni wazo zuri, lakini wazo zuri angeweza kulipata hata miaka ya ngazi, na angeliharibu kama alivyoiharibu ngazi. Kengele ilihama kwa sababu alikuwa amekubali kwamba kukosa kicheko ni kushindwa. Ubao ulichongwa upya kwa sababu alikuwa amekubali kwamba uzito wa nembo ni kosa la uchapaji na hauwezi kutetewa kwa kusema ni mzaha. Sanaa ya majaribio inalindwa sana na maelezo, na nimeona vipaji vingi vikifia ndani ya ulinzi huo.

La pili ni kwamba kumbukumbu ilizaliwa ndani ya kazi. Wasanii wengi wa utendaji hubaki na picha zilizopigwa na mtu mwingine, kwa jicho la mtu mwingine, na mara nyingi hata haki ya picha si yao. Hapa onyesho lilijiandika lenyewe kwa mikono ya waliokuwepo. Ndiyo maana klipu ya sekunde 40 haikuweza kuchukua nafasi ya kazi, ingawa ilikaribia kuiua.

Upande wa kushindwa, ninalaumu zaidi ule mwaka wa kumbi zilizojaa kuliko jambo lingine lolote. Ushahidi alikuwa nao kwenye rekodi zake, na alikuwa amejifundisha kuusikiliza, lakini kwa miezi mingi hakuusikiliza kwa sababu viti vilikuwa vimejaa. Kicheko cha kujitakia kinasikika kama mafanikio, na mtu aliyekaa miaka mingi bila kicheko hawezi kulaumiwa kirahisi kwa kukipokea. Kipimo chake kilikuwa na kasoro pia: kilihesabu kicheko bila kuuliza kimetoka wapi. Ilibidi arudi kwenye nakala za buluu, aone wateja wote wamesaini kwa mkono uliotulia, ndipo akubali kilichotokea. Karatasi ilimwambia ukweli ambao masikio yalikuwa yameacha kuusikia.

Makubaliano ya kurekodi ni jambo la ukurasa mmoja na yangepaswa kuwepo tangu usiku wa kwanza: nani anarekodi, kipande cha urefu gani kinaweza kurushwa, nani anaidhinisha. Ridhaa ya wateja ni nzito zaidi. Kazi inayotumia maneno ya hadhira inachukua kitu kutoka kwao, na kama kitu hicho kitahama kutoka jukwaani kwenda ukutani, waliokitoa wanatakiwa kujua kabla ya kusaini. Aliyeandika kwamba ameachika alimwamini karani wa uongo kuliko alivyowaamini watu wake wa kweli. Hilo linaonyesha nguvu ya kazi hii, na ndiyo sababu hakupaswa kuachwa wazi namna ile.

Kuhusu tangazo, wengi humsifu msanii kwa kukataa kuuza sanaa yake. Sivyo ilivyokuwa. Alikuwa tayari kuuza. Alichokataa ni kumpa mtu mwingine ufunguo wa mhusika ambaye ndiye riziki yake. Tofauti hiyo ni muhimu kwa vijana, kwa sababu anayedhani kukataa tangazo ni suala la usafi wa moyo hatasoma vifungu vya mkataba atakaoukubali.

Bado kuna mambo mawili ambayo hayajamalizika. Maelekezo yameshafanyiwa onyesho na mchekeshaji mwingine, na yeye aliirudisha kengele kabla ya kuandika, akisema kwa sauti yake na kwa hadhira yake inafanya kazi hivyo. Msanii alisikiliza rekodi na kukiri kwamba vicheko vilikuwepo. Sasa wanabishana kama mahali pa kengele paandikwe kwenye hati kama sharti au kama pendekezo, na jumba la makumbusho linasubiri maandishi ya mwisho. Na vile vitabu vitatu vilivyochanwa bado vimetawanyika. Msanii hataki kuzinunua tena nakala hizo. Anawaandikia wenye nazo mmoja mmoja akiomba picha safi ya kila risiti, mbele na nyuma, pamoja na ruhusa ya kuiweka kwenye kumbukumbu za kitabu chake. Waliojibu mpaka sasa ni wachache.